Mguu wa Shujaa Haukupona

Mjukuu wangu Salma,

Assalaam alaykum. Huku Vitongoji tu wazima, alhamdulillahi. Mama yako mdogo kajifungua mtoto wa kike, tumempa jina la marehemu dada yangu, Time.

Unasema wenzako chuoni wamekikasirikia kitabu chenu cha kutisha, kwa kuwa shujaa kiwete anamshinda zimwi na mguu wake hauponi. Ukaniuliza mimi naonaje.

Miaka ya kabla ya mapinduzi, msimu wa karafuu, wanawake tulikaa ukumbini alasiri kuzichambua, kuzitoa vikonyo. Mimi niliyepita skuli niliwasomea kitabu cha namna hiyo hiyo, cha shujaa kiwete na jini. Kila akitajwa jini, Bi Mize, jirani yetu, alinitaka nisome kwanza Ayatul Kursiy, ile aya ya kujikinga. Dada Time, aliyezaliwa na mguu mfupi, alichambua peke yake karibu na mlango, kama kawaida yake.

Nilipomaliza, wenzangu waling'aka.

"Kamuua jini, na mguu haujapona? Kitabu gani hicho!"

"Mwandishi kasahau," akasema Bi Mize. "Mwongezee wewe, mwanangu. Sema kapona."

Dada aliacha kuchambua.

"Usiongeze kitu. Akipona, watasema jini kauliwa na mwenye miguu mizima."

Kisha Bi Mize akasogea, akapiga mkeka kwa kiganja.

"Basi njoo ukae hapa kati, shujaa. Jini akija tukae nyuma yako."

Time akacheka, akaja na ungo wake. Misimu iliyofuata alikaa hapo hapo, na mlango ukibamizwa na upepo, Bi Mize alimwita yeye.

Ukikimaliza kitabu, niletee. Huyu Time mdogo akikua nitamsomea, bila kuongeza kitu.

Bibi yako akupendaye.