Mikanda Yako Inavuka Mto Mara

Tata Marwa,

Shikamoo. Hukunizaa, ulinifundisha kazi ya sinema tu, lakini baba mwingine sina wa kumwandikia. Nimechoka. Nisamehe kama maneno hayatakaa sawa.

Baada ya mazishi yako, mwanao Mwita alikihitaji kile chumba cha filamu aweke mahindi. Sikumlaumu, ana watoto wa kulisha. Nikahamishia makopo yote ya mikanda kwangu hapa Nyakunguru, mgongo ukauma wiki nzima. Nikaanza kuyafungua moja moja, nikinusa kama ulivyonielekeza. Mengi yananuka siki, ile dalili ya mkanda kuoza, Tata. Kwenye mengine mkanda umegandana kama sabuni iliyolowa. Tisa nimeyafukia nyuma ya nyumba. Nililia kwa lile la kwanza. Kwa mengine sikuwa na nguvu.

Ule mkanda wa Nyangoto ulioupiga mwenyewe, kabla mgodi haujachukua mashamba, ulikuwa mzima. Nikaupeleka Gorong'a, wanakoishi baadhi ya waliohama. Niliuliza kwanza kama kuna msiba, maana hukuwahi kuchagulia watu filamu kabla ya kujua wana hali gani. Tukaziba madirisha ya darasa kwa mablanketi.

Bibi Nyangi, mmoja wa waliohama, alimwona marehemu mumewe kwenye picha akipita na ng'ombe. Hana picha yake hata moja. Akasema taratibu, "Msimamishe hapo, nimtazame."

Nisingeweza. Taa ya projekta ingeunguza mkanda ukisimama. Nikarudisha nyuma, nikaonyesha tena. Akaomba tena. Mara ya nne mkanda ukakatika palepale, kwenye uso wa yule mzee. Bibi alifunga kitenge chake vizuri, akatoka nje.

Nimeuunga, lakini vipande vichache vimepotea. Mimi ndiye niliyevipoteza.

Ndiyo maana nakuandikia. Ukiwa kitandani uliniapisha: "Rhobi, filamu zisivuke Mto Mara. Zikivuka hazirudi." Ulikuwa na sababu. Makopo uliyowaazima watu wa mjini ulipokuwa kijana hayajaonekana hadi leo. Lakini kuna dada mmoja Dodoma ananakili filamu za zamani, anaziingiza kwenye kompyuta. Tumeongea sana kwa simu. Nimemkubalia. Naondoka kesho asubuhi.

Nimevunja kiapo, Tata. Huko uliko sijui jambo kama hili linahukumiwaje. Najua tu kwamba nikikaa nazo hapa, masika mawili matatu yatamaliza kilichobaki, na mimi nitabaki nalinda siki.

Sizitumi peke yake. Nakwenda nazo, nitakaa huko mpaka mkanda wa mwisho unakiliwe, nirudi na kila kopo. Kisha nitamfuata Bibi Nyangi, nimkalishe mbele kabisa. Safari hiyo nitaisimamisha picha, na sitaigusa mpaka yeye mwenyewe aseme niendelee.

Pumzika, Tata. Mimi bado niko kazini.

Mwanafunzi wako,
Rhobi