Samaki Aliyezama

3 Machi

Baba yangu,

Kaa chini kwanza, usije ukaanguka: mwanao ndiye anayeitunza dunia. Siyo mtaa, siyo wilaya. Dunia yote, tangu ilipoanza. Siku nikishikwa na mafua, historia nzima inafunikwa na vumbi.

Sasa shikamoo. Kifua kinaendeleaje? Mimi mzima kama chuma.

Nimepata kazi kwenye jumba la makumbusho. Cheo changu ni kirefu, ukikisoma utachoka, kwa hiyo wewe sema tu Daktari wa Mawe. Nimepewa sare ya buluu, ufunguo wa stoo, na chombo cha kazi chenye mpini mrefu. Mlangoni kwangu kuna mawe yenye vidudu ndani, vinaitwa visukuku. Siyo kasuku, Baba, visukuku, usinitie aibu. Katikati kuna mifupa ya mjusi mkubwa kuliko lori la tajiri wako, na mwisho kabisa tembo mwenye manyoya kama blanketi. Huyo mjusi nampiga mswaki meno kila asubuhi. Nani kwenye ukoo wetu amewahi? Wale waliosema darasa la tano halitoshi, wasalimie sana.

Niandikie. Najua simu huiwezi, mashine ya kokoto imeshakula masikio yako.

Mwanao,
Daktari

17 Machi

Mwanangu Daktari (nacheka, lakini nimeandika),

Marahaba. Kifua kinakoroma, ila chakula kinapita. Mama yako anasema hiyo sare uifue.

Kama kweli wewe ni daktari, basi nina mgonjwa. Wiki iliyopita nilipigilia kabari kwenye mwamba wa chini kabisa wa machimbo. Ukaachana vipande viwili safi, na ndani amelala samaki. Samaki, mwanangu! Ana magamba, ana jicho, mkia umepinda kama aliitwa akageuka. Na ni jiwe tupu. Toka hapa mpaka baharini unajua mwenyewe, hata harufu yake hatujawahi kuinusa.

Baba yako mkubwa alipomwona akasema, "Gharika. Maji yalifunika milima, yakashuka, huyu akasahaulika." Mimi nikasema, "Kaka, juu yake kuna matabaka matano, kila moja na rangi yake. Maji ya mara moja yanapangaje hivyo, kama mtu anayekunja nguo?" Akasema nambishia Mungu. Nikasema, "Simbishii Mungu, nakubishia wewe." Hapo ndipo nilipoharibu. Kelele, yule wa mashine, naye akachomekea la kwake, eti samaki amechongwa na jini.

Tangu siku hiyo Kaka hali kwangu. Akipita mlangoni anatazama ng'ambo. Na unajua babu yako alipofariki ni yeye aliyenilea. Waulize wakubwa wako, samaki huyu alifikaje huku? Ikiwa nimekosea mimi, nitakwenda kumwomba radhi. Jiwe liko chini ya kitanda. Mama yako amesema nichague, yeye au samaki.

Baba yako

29 Machi

Baba,

Shikamoo. Mama shikamoo mbili, ya pili ni pole ya kulala na samaki.

Swali lako nimelifikisha juu kabisa, kwa Mkuu wa jumba mwenyewe. Tulikaa, tukakuna vichwa, tukakubaliana. Lakini nikuambie ukweli, hata hapa ni vurugu tupu. Mgeni mmoja mzee kaniambia dunia ni changa, vitabu vya watu wa kale vimeihesabu vizuri. Mama mmoja mwenye miwani akasema zamani nchi zote zilikuwa kipande kimoja, zikaachana kama mke na mume. Askari wetu wa mlangoni, tunamwita Usingizi, anasema mjusi ni plasta, watu wanatafuta kiingilio tu. Kila mmoja namkubali kabisa mpaka atoke, kisha anaingia mwingine namkubali na yeye. Nikilala, nchi zinaachana kichwani mwangu.

Ila ukutani kumeandikwa, na ukuta haubishani na mtu. Juu ya mawe ya samaki: ZAMA ZA SAMAKI. Juu ya mjusi: ZAMA ZA MIJUSI WAKUBWA. Juu ya tembo: ZAMA ZA BARAFU. Umeona? Walizama! Samaki wakazama, mijusi wakazama, mpaka barafu nayo ikazama. Hicho ndicho Kiswahili cha wakubwa. Chini yake kuna masifuri mengi, nadhani ni namba za stoo.

Kwa hiyo ni maji, Baba. Baba mkubwa kashinda. Nenda kamwombe radhi na usione haya, kushindwa na mkubwa wako siyo kushindwa.

Mwanao,
Daktari

10 Aprili

Mwanangu,

Marahaba. Barua yako nimeisoma sikuielewa. Nikamsomea mama yako, naye hakuielewa, basi tukajua ni ya kitaalamu. Lakini samaki anazamaje? Huko majini si ndiko kwao? Na barafu mimi niliiona kwenye glasi, harusini. Ilielea.

Hata hivyo nilikwenda. Nilimkuta Kaka ananoa patasi. Nikasema, "Wataalamu wa mjini wamesema zama. Umeshinda." Akaniangalia. "Zama? Samaki kazama?" Akacheka mpaka akashika ukuta, nami nikacheka, ingawa nilikuwa najicheka mwenyewe. Jioni tukala sahani moja. Sijui nikuelezeje nilivyojisikia.

Sasa Kaka anataka tumrudishe samaki majini, kwenye lile shimo la machimbo ya zamani lililojaa maji, ambalo hakuna aliyewahi kufika chini yake. Anasema akibaki nyumbani ataleta ubishi mwingine. Nimekubali ila roho inasita, maana nimemzoea. Tutafanya Jumapili ya tarehe ishirini. Kama Mkuu wako ana neno jingine, niandikie kabla. Nangoja barua yako.

Baba yako

2 Mei

Mwanangu,

Hujambo? Sisi wazima.

Barua yako haikuja. Jumapili ile nilimwambia Kaka tungoje basi la jioni, huenda limebeba posta, naye akangoja na mimi bila kununa. Halikuleta kitu. Nikasema basi, mtoto angekuwa na neno angeandika. Tukamshusha samaki kwa mikono minne. Alitoa mapovu kama mtu anayepumua, kisha maji yakawa meusi kama kawaida.

Kaka anakula hapa kila siku. Mama yako analalamika kuhusu unga, lakini anamwekea kiti kabla hajafika. Mimi nikifumba macho nayaona yale matabaka matano. Sijui ni kwa nini, jambo si limekwisha?

Unaumwa? Andika hata mstari mmoja.

Baba yako

11 Mei

Baba,

Shikamoo. Siumwi.

Zama siyo kuzama. Zama ni wakati, tena wakati mrefu usio na adabu. Zama za Samaki maana yake ni enzi ambazo samaki walikuwa ndio wenye dunia, na yale masifuri siyo ya stoo, ni miaka milioni mia nne. Nilijuaje? Mwalimu alileta wanafunzi, akawauliza zama ni nini. Nikajibu mimi, nimeegemea mjusi, kwa sauti ya mwenye nyumba: "Ni kufa maji!" Kabinti kamoja kakanisahihisha taratibu, kama kananionea huruma. Darasa zima likacheka. Usingizi aliamka ili acheke.

Wiki hii, baada ya barua yako ya mwisho, ndipo nilipokwenda kwa Mkuu na kumweleza habari za samaki. Alisimama. "Mkia umepinda? Jicho linaonekana? Yuko wapi?" Nikamwambia alipo. Akakaa tena, hakunigombeza, bora angenigombeza. Kisha akasema wewe ulikuwa sahihi. Hapo kwenu palikuwa chini ya maji, tope likatulia juu ya tope, tabaka juu ya tabaka, kisha nchi ikanyanyuka. Kwa hiyo maji yalikuwepo, Baba mkubwa hakukosea yote, ila siyo maji ya msimu mmoja. Nikauliza nchi inanyanyukaje. Akanionyesha kwa mikono, nikaitikia kwa kichwa, na mpaka leo sijaelewa. Nikauliza, kabla ya samaki? Akasema kulikuwa na vingine. Na kabla ya hivyo? Vingine tena. Nikaona nikiendelea kuuliza nitaanguka.

Sijui umwambie Baba mkubwa au umwache ale kwa amani. Nimelifikiria pande zote, nazunguka tu.

Ile barua yako ya kunitajia Jumapili ya tarehe ishirini ilinifikia mapema, Baba. Wale wanafunzi walikuwa wameshakuja na kuondoka. Nilikuwa najua, na muda ulikuwepo. Nilikaa stoo na kalamu mkononi, nikajidanganya kwamba nanyamaza kwa ajili yenu, ile sahani moja isivunjike. Si kweli. Ningekuambia zama ni nini, ingebidi nikuambie pia kwamba sikuwa nimemwuliza Mkuu lolote, kwamba hata jina langu alikuwa halijui, kwa sababu hapa mimi ni mfagiaji. Hilo ndilo nililoona aibu kuliandika, na kwa aibu hiyo nikakuacha ungoje basi.

Mwanao