Picha ya Susu

Seleyian, leo nimeaibika hapa Noonkopir, wacha tu.

Kamati ya mazishi ilitaka picha ya Susu, nyanya yangu, ya kuweka kwa programu. Aunty Nthambi akaniambia mbele ya watu wote, "Wewe ndiye wa simu. Leta!"

Niko na picha mia nne nikiwa na Susu. Mia nne! Zote ni uso wangu, yeye ni bega tu.

Moja pekee ndiyo inaonyesha uso wake wote. Nilikuwa nimeweka filta ya mbwa.

Aunty: "Kwani mama yangu alimea masikio ya mbwa lini?"

Hata pasta alicheka. Wamechukua ya kitambulisho.

Sasa nimejifungia chooni naangalia hiyo ya mbwa. Hapo mimi naangalia simu, nimebinua midomo. Susu ananiangalia mimi.