Ngamia wa Sugow Ukutani

Garissa,
9 Aprili 1967

Dada yangu mpendwa Kagendo,

Salamu nyingi kutoka huku kwenye jua. Hujambo huko Nairobi? Na shemeji je, kile kikohozi kimemwacha? Mimi mwili ni mzima, namshukuru Mungu, ila joto linatukaanga sisi walimu wa kutoka bara.

Ule mkanda ulionipelekea kusafishwa ulifika salama, asante sana. Najua uliutazama ukajiuliza ni sinema gani hii, dakika kumi za shingo na miguu ya ngamia, haina hadithi wala mtu anayeongea. Usinicheke, dada, ndiyo kazi ninayoitaka. Nilipiga picha hizo kwa Sugow, mfugaji aliyenikaribisha kwa maziwa tangu nilipoletwa hapa. Kwa sababu ya vita hivi vya mashifta, serikali iliamuru watu na mifugo wote wakae ndani ya kijiji chenye ulinzi. Malisho ya humo yakaisha, naye akawaficha ngamia wake kumi na wanane mbali porini, karibu na kisima. Aliniamini, akanipeleka. Mkewe Fatumo alinisihi nisipige nyuso za watu, nikatii. Badala yake nikajaza mkanda zile alama wanazochomwa ngamia shingoni, kwa kuwa zilinipendeza kama michoro. Kumbe hapa mtu akiiona alama anamjua mwenye mnyama. Mimi sikujua.

Jumamosi moja mwezi uliopita niliziba madirisha ya darasa kwa mablanketi, nikauonyesha ukutani saa sita mchana. Nilialika walimu na maafisa wawili wa jeshi, maana nilitamani sana watu waione kazi yangu. Mkalimani wao alipoona alama tu, akataja jina la Sugow. Jumatatu askari wakaenda. Ngamia wengine walipigwa risasi palepale, waliobaki wakaswagwa sijui wapi. Sugow alirudi kijijini na fimbo yake tu.

Kuna jambo sijamwambia mtu. Alama ilimtaja mwenye ngamia, lakini haikusema walipo. Sinema ilipokwisha afisa mmoja alinisifu, akasema hajawahi kuona kitu cha namna ile, kisha akauliza nilipigia wapi. Hakunitisha, Kagendo. Hakunigusa. Nilijua vizuri kwamba wamefichwa. Lakini nilifurahi mno kupata mtu wa kuniuliza, nikamchorea njia kwa chaki ubaoni, mpaka kisimani.

Sasa Sugow huja kila alasiri na watoto wake kuniomba niwashe mashine ya sinema. Anawaita ngamia mmoja mmoja kwa majina, mpaka mkanda uishe. Jana alinishika mikono yote miwili, akasema hana rafiki mwingine Garissa kama mimi niliyemhifadhia wanyama wake, akaniombea dua ndefu. Nikaitikia amina.

Msalimie shemeji, na mama ukienda Meru. Mama usimwambie haya.

Ni mimi mdogo wako,
Kinoti