Skonzi za Dada Peres

Kabiria, Nairobi
9 Machi 1969

Kwa mpwa wangu Nanyama,

Mulembe. Natumaini barua hii itakukuta mzima na vidole vyako vyote vingali mkononi, maana nasikia baridi ya huko Kanada hukata vidole vya watu kama mwizi anavyokata ndizi. Sisi huku hatujambo. Mama yako Peres yuko hapa kwangu, amekuja kunitembelea, naye anakusalimu sana.

Kopo lako limefika. Karani wa posta aliligeuza juu chini akaniuliza ni mafuta ya gari au ni nini. Nikamwambia, hiyo ni dawa, imetumwa na mpwa wangu daktari. Najua unasomea uuguzi, lakini ukitaja uuguzi posta unarudishwa mwisho wa foleni.

Hatukuhitaji kusomewa maandishi. Kopo limetoka kwa mtu wa hospitali, lina picha ya jani, na maji yake ni meusi. Hiyo ni dawa ya mti iliyochemshwa, hata mtoto anajua. Ila wazungu wanajua kudanganya ulimi, ni tamu ajabu. Mama yako anakunywa kijiko asubuhi na kijiko jioni. Mama Njambi, mwenye nyumba yangu, aliomba kidogo ya goti lake. Alijipaka, akajifunga kitambaa, akalala. Asubuhi sisimizi wote wa Kabiria hadi Waithaka walikuwa wamefika kumjulia hali. Alikimbia mpaka kisimani na hakuchechemea hata hatua moja, kwa hiyo sisi tunahesabu kwamba goti limepona.

Hotelini mambo ni yale yale, bila mimi jiko haliwaki. Juzi mkubwa mmoja wa serikali alikula mkate wangu akaniomba nimfungie na harufu kidogo ampelekee bibi yake. Nikamfungia.

Niandikie ni vijiko vingapi kwa mtu mzima.

Ni mimi mjomba wako,
Sifuna, Mpishi Mkuu


Toronto, Kanada
30 Machi 1969

Mpendwa Mjomba,

Nimepokea barua yako na nimefurahi kujua u mzima. Mimi pia sijambo na vidole ninavyo, ndivyo vinavyoandika hapa. Nilicheka mpaka msimamizi wa bweni akagonga mlango.

Mjomba, ile si dawa. Ni utomvu wa mti unaoitwa mepo. Theluji ikianza kuyeyuka wanautoboa mti, utomvu unadondoka ndani ya ndoo, halafu wanauchemsha kutwa mpaka uwe mzito kama asali. Ni chakula tu, watu wanamwagia mkate. Mpe Mama Njambi pole kwa ajili ya wale wageni wake.

Sasa nina swali. Machi ni mwezi wa kupanda. Mama hajawahi kuacha shamba lake la Kimilili mwezi wa Machi. Hata mwaka aliofariki baba, alimaliza kupanda ndipo akaketi chini kulia. Leo unaniambia amekuja Nairobi kutembea? Barua yako ina habari ndefu za sisimizi na habari fupi za mama. Mimi nakujua, Mjomba. Ukirefusha jambo dogo, kuna kubwa umelikalia.

Niambie ukweli tafadhali.

Ni mimi mpwa wako,
Nanyama


Kabiria
13 Aprili 1969

Mpwa wangu Nanyama,

Mulembe tena. Umekuwa mjanja sana, na hiyo ni damu ya upande wetu, si ya upande wa baba yako. Mimi sijambo.

Mama yako ni mgonjwa. Ni nyongo. Daktari wa hospitali kubwa anasema ndani mna mawe na lazima apasuliwe. Nikamwambia daktari, huyu dada yangu amebeba mawe mengi tangu wazazi wetu watuache, mimi mwenyewe nikiwa la kwanza, haya hayatamshinda. Hakucheka. Alisema amekonda mno, hamtii kisu mpaka aongeze mwili.

Na aongeze kwa kula nini? Amekatazwa mafuta, siagi, maziwa, nyama yenye mafuta. Yai hajaonja tangu azaliwe, unajua wanawake wa kwetu wa rika lake na mwiko wa kuku na mayai, hata kuku akitaga karibu naye anatazama kando. Ugali anausukuma. Uji anaupa paka wa Njambi, na paka sasa ana shavu kama diwani. Kitu kimoja tu kinapita kooni, kile kijiko chako. Anasema, "Mwanangu amenitumia dawa, lazima niinywe." Kwa hiyo sijamwambia kwamba si dawa. Nikimwambia, na kijiko kitakwama.

Usirudi. Nimekusikia kabla hujasema. Mama yako alikuaga pale uwanja wa ndege bila chozi ili uende ukasome. Ukirudi bila cheti atapona kwa hasira tu, kisha atakuua, na mimi atanizika pembeni yako.

Wao huko wanapika nini na hiyo kitu?

Mjomba wako,
Sifuna, Mpishi Mkuu


Toronto
27 Aprili 1969

Mpendwa Mjomba,

Salamu kwako na kwa mama. Asante kwa kuniambia, na asante kwa kumweka mama nyumbani kwako. Nimelia, nimemaliza, sasa tufanye kazi.

Kuna mama hapa anaitwa Hannah, tunasali naye kanisa moja. Yeye hali kitu chochote kilichotoka kwa mnyama. Si nyama, si yai, si maziwa, hata asali ya nyuki hagusi, anasema nyuki hakuulizwa. Jumapili huoka skonzi na utomvu wa mepo, nami nikamwomba anifundishe. Chukua unga wa ngano, bakuli moja lililojaa. Tia beking pauda vijiko viwili vidogo na chumvi ya kubana kwa vidole viwili. Yeye hutia mafuta ya mahindi, hapo sijui utafanyaje. Koroga mepo nusu kikombe na maji baridi kidogo, umimine kwenye unga, ushikanishe kwa vidole tu. Usikande, Mjomba. Nimepiga mstari chini ya neno hilo. Si chapati. Kata vipande, oka kwenye moto mkali, ukitoa zipake mepo juu zikiwa moto.

Nimemwambia mkuu wa chuo habari za mama. Anasema nikiondoka sasa nafasi yangu atapewa mwingine, hakuna kurudi. Nitangoja hadi Juni iishe. Ikiwa hadi hapo mama hajapasuliwa, nakuja nyumbani. Cheti kinaweza kupatikana tena, mama hapana.

Mpwa wako,
Nanyama


Kabiria
18 Mei 1969

Mpwa wangu Nanyama,

Mulembe. Sisi tupo, na leo barua hii ina unga, usishangae.

Mimi, ambaye nimeokea magavana watatu na sultani mmoja aliyepotea njia, nilicheka niliposoma hayo maagizo yako. Skonzi bila yai, bila maziwa, bila siagi? Nikasema hiyo ni nyumba bila mlango, bila dirisha na bila paa. Lakini nikanunua unga.

Hapa kwangu hakuna oveni. Nikachukua sufuria kubwa, nikatia mchanga chini, juu yake sahani ya bati, nikafunika kifuniko na kupanga makaa juu ya kifuniko. Moto chini, moto juu. Mama yako alikuwa kitandani, ameegemea ukuta, ananitazama. Mama Njambi naye alisimama mlangoni na kikapu chake.

"Wewe Sifuna," akasema, "mwanaume mzima, unapiga magoti kwa jiko ya nyumbani? Leo jua itatoka Ngong, kule inazama."

"Hotelini nasimama," nikamwambia. "Hapa jiko ni fupi."

Sasa hiyo ya kutokukanda. Mikono yangu imezoea chapati, Nanyama. Kichwa kilisema acha, mikono ikasema tunajua kazi. Nilikanda unga ukang'aa. Zilipotoka, moja ilianguka chini, saruji ikapata ufa. Mama yako aliishika, akaipima mkononi, akasema polepole, "Daktari anataka kutoa mawe, wewe unayarudisha." Ndiyo mara ya kwanza alifanya mzaha tangu aje.

Nikarudia. Njambi alikuwa na ndizi mbivu kwenye kikapu, zile za ngozi nyeusi. Akasema, "Kama mafuta imekatazwa, ponda hii. Unga itashikana." Nikaponda mbili. Safari hii nilishikanisha kwa ncha za vidole, kama mtu anayemwamsha mtoto. Makaa yakafifia, nikapuliza mpaka ndevu zikawa nyeupe kwa majivu. Basi ile harufu ilipotoka, usiniulize. Basi la kwenda mjini lilisimama pasipo na kituo, dereva akashuka kuuliza nani ameolewa.

Nikampelekea mama yako, nikamwambia, "Ni ile dawa ya Nanyama, nimeiweka ndani ya skonzi ishike vizuri." Alimega. Akatafuna. Nilikuwa nimeshika taulo tayari akitapika. Akamega tena. Akala yote, akaniuliza, "Na hiyo nyingine ni ya nani?"

Mpwa wangu, nilitoka nje kidogo. Ule moshi, unajua.

Sasa ni kila siku nikitoka kazini. Naona shavu linarudi, ingawa si kama la paka. Kopo limefika nusu. Usifungashe kitu.

Mjomba wako,
Sifuna, Mpishi Mkuu


Toronto
29 Juni 1969

Mjomba,

Natumaini mko wazima. Tangu ile barua ya skonzi sijapata neno kutoka kwako. Niliisoma kwa Mama Hannah, akasimama katikati ya jiko lake akapiga makofi kwa ajili ya ndizi. Nilishukuru sana. Lakini baada ya hapo ni kimya, na wewe si mtu wa kimya.

Juni inaisha kesho. Sanduku langu limesimama kando ya mlango. Nitangoja posta mpaka katikati ya wiki ijayo, kisha nitasaini karatasi za kuacha chuo. Kama kuna jambo unaogopa kuniandikia, liandike hivyo hivyo.

Mpwa wako,
Nanyama


SIMU YA MAANDISHI
NAIROBI 1 JULAI 1969

PERES AMEPASULIWA. YU MZIMA. KAMA UMEFUNGASHA FUNGUA SANDUKU. BARUA YAJA. MJOMBA


Kabiria
13 Julai 1969

Mpwa wangu Nanyama,

Mulembe, mulembe, mulembe. Nakuandikia nikiwa nimekaa, na mama yako amekaa mbele yangu, anakula.

Ile simu ndiyo barua fupi kuliko zote nilizowahi kuandika. Karani aliniambia niongeze maneno nikitaka, nikasema hapana, leo yametosha.

Nilinyamaza kwa sababu daktari alimpima, akampa kitanda, halafu homa ikaingia wakaahirisha, wakapanga tena wakaahirisha tena. Kila jioni nilishika kalamu, na kila jioni sikuwa na habari ya kuandika isipokuwa ya kutunga. Mambo ya magavana naweza kutunga. Hii sikuweza. Nilikuwa nampelekea skonzi wodini ndani ya kitambaa, na mgonjwa wa kitanda cha pili akaanza kuniita daktari. Sikumkatalia. Mawe yametolewa, daktari alinionyesha kwenye chupa. Moja lilikuwa kubwa kama skonzi yangu ya kwanza. Karibu hivyo.

Sasa sikiliza jambo hili. Jana kopo limeisha. Nikachemsha sukari guru na maji mpaka ikawa nzito, nikaoka nayo, nikampa kimyakimya. Akala, akanitazama.

"Sifuna, dawa ya mtoto imeisha?"

"Bado ipo kidogo, dada."

"Acha uongo wako wa hotelini. Mimi nimechemsha dawa za miti tangu kabla sijazaa. Lini dawa ya mti ikawa tamu hivyo? Nilijua tangu kijiko cha kwanza."

Nikamwuliza, sasa mbona ulikuwa unakula na kila kitu kingine ulikataa?

Akasema hivi, nakuandikia kama alivyosema. "Nilikunywa kwa sababu mtoto aliyetuma yuko mbali. Halafu nikakuona wewe. Nimekulea kwa mkono huu. Umepikia wageni maisha yako yote, na kila ukija kwangu Kimilili unakaa kitini unangoja sahani. Siku ile nikakuona uko chini kwenye jiko, majivu usoni, Njambi anakucheka, ya kwanza imekuwa jiwe na unaanza tena. Nikasema moyoni, nisipokula, huyu mtoto atapuliza huo moto mpaka aishe yeye."

Nilitia makaa.

Mwambie Mama Hannah kwamba dada yangu anamshukuru, na kwamba akija Kabiria hakuna mnyama atakayesumbuliwa kwa ajili yake. Mama Njambi anaomba kopo lingine, safari hii la kula. Na mimi nakushukuru, mpwa wangu, kwa ule mstari uliopiga chini ya neno.

Lakini kopo usitume. Lilete mwenyewe, pamoja na cheti. Nilimwuliza mama yako kama hizi za sukari guru ni mbaya. Akasema ni nzuri, nimeshika kazi, ila kuna ladha imepungua, na si ya mti.

Ni mimi mjomba wako,
Sifuna, mpishi wa dada yake