Tangazo la Kazi za Okestra

Maktaba ya Mtaa,
Meza ya Nyuma.
Jumamosi, 29 Machi

Mpendwa Mjomba,

Shikamoo. Natumaini barua hii itakukuta una afya, na kwamba mgongo uliokusumbua wakati wa baridi umepata nafuu. Mama anasema usijifanye bado kijana: ukitaka kuinua vikapu vya mashuka, chuchumaa kwanza, usipinde kiuno. Amenisimamia mpaka nikaliandika hilo, kwa hiyo sasa liko mikononi mwako. Sisi huku wazima. Bibi anakula vizuri na anabishana na redio kama kawaida yake. Baba amepaka rangi mlango wa mbele, rangi ambayo mpaka leo hakuna anayeijua jina, na yeye mwenyewe akitoka kazini huingilia mlango wa uani.

Nimechelewa kukujibu, naomba unisamehe. Ulisema huko hotelini, katika chumba cha kupigia pasi, msimamizi wenu hufungua redio ya muziki wa okestra kutwa nzima, na kwamba siku hizi umeanza kuupenda bila kujua unachokipenda. Ukaniuliza uanze kusoma kitabu gani, kwa kuwa mimi nafanya kazi maktaba, basi nitakuwa nimeshasoma vyote. Sijasoma vyote, Mjomba. Lakini swali lako limenikuta mahali penyewe, maana vitabu hivyo hivyo ndivyo vilivyonitia homa mwezi huu.

Unajua kwamba nilipomaliza mtihani wa mwisho walinichukua hapa niwe msaidizi. Nafuta vumbi, nabandika lebo, narudisha vitabu mahali pake. Ni kazi inayonifaa, kwani vitabu havimuulizi mtu mbona huongei. Kwenye kona, karibu na dirisha, kulikuwa na rafu ya muziki wa okestra na watunzi wake. Iliachwa na mwalimu wa piano aliyehama, pamoja na diski zake. Hakuna aliyekuwa akiigusa. Mimi mwenyewe nilianza kwa kuifuta vumbi tu, nikafunua kitabu kimoja, nikakaa chini sakafuni, nikasahau chakula changu cha mchana mpaka sisimizi wakakikumbuka.

Mwanzoni mwa mwezi, mkutubi mkuu alisimama mbele ya rafu hiyo. Ni mama mrefu mwenye miwani mbili, moja machoni na nyingine kichwani, na akishasema neno limekwisha. Alisema mwisho wa mwezi vitabu hivyo vitakwenda stoo, kwa sababu vya kompyuta vinakuja na havina pa kukaa. Nilitaka kusema mengi. Kilichotoka ni kwamba hivi navyo vinasomwa. Akaniuliza vinasomwa na nani. Nikamjibu, na mimi.

Hakunicheka. Alisema kitabu kisichoazimwa ni kama kiti kisichokaliwa, kinabana njia tu. Lakini kama kabla ya mwezi kwisha nitawapata watu wa kuviazima, rafu ya muziki itabaki. Kisha akaenda zake.

Sasa nitawapataje watu, mimi ambaye nikitumwa dukani natamani muuza duka awe na wateja wengi ili nisimame nyuma? Nikaona heri karatasi, maana karatasi haioni haya. Ijumaa alasiri nikaandika kwa kalamu nene nyekundu, nikabandika kwenye kioo kinachotazama barabara:

KAZI ZA OKESTRA SASA ZINAPATIKANA HAPA.
Kondakta, wapiga fidla, wapiga ngoma, wapuliza tarumbeta.
Huhitaji ujuzi wowote kuanza.
Uliza ndani.

Mjomba, vitabu vyote hivi huita utunzi wa mtu kazi yake. Kazi ya kwanza, kazi ya tano, kazi aliyofariki kabla hajaimaliza. Nilikuwa nimevisoma hata neno lenyewe likabaki na maana hiyo moja kichwani mwangu. Niliona tangazo langu ni zuri sana. Nilivuka hata barabara nikalitazame kutoka upande wa pili.

Jumatatu asubuhi nilikuta watu wamepanga mstari kutoka mlangoni kwetu mpaka duka la vifaa vya umeme. Nilidhani wamekuja kuliuliza duka habari za taa. Halafu nikaziona bahasha za vyeti, mashati yaliyonyooshwa (nilikukumbuka wewe), viatu vinavyong'aa. Wa kwanza alikuwa kijana mnene mwenye sauti ya kusikika mtaa wa pili. Akaniambia yeye ndiye kondakta, basi lao limeuzwa, na anaweza kuanza hata leo.

Mkutubi mkuu alikuwa amefika nyuma yangu. Alilisoma tangazo, akautazama mstari, akanitazama mimi. Akashusha miwani ya kichwani akaivaa juu ya ile ya machoni, akalisoma tena.

"Tangazo ni lako," akasema. "Wewe ndiye utakayewaambia."

Akafungua mlango, akaingia ndani, akaniacha kwenye ngazi.

Mara ya kwanza nadhani niliviambia viatu vyangu. Mtu mmoja wa nyuma akaniambia niongeze sauti, kwani wao si vitabu. Wakacheka, na kicheko chao kikanisaidia kidogo. Nikainua uso.

"Hakuna ajira," nikasema. "Kazi nilizoziandika ni nyimbo. Ni muziki walioutunga watu. Nimekosea, naomba mnisamehe."

Bwana mmoja mwenye tai akasema ametoka mbali, ametoa nauli, na kwamba siku hizi watoto wanafanyia mchezo njaa za watu. Alikuwa na haki yake, Mjomba. Nilirudia tu kuomba radhi. Akaondoka, na wengi wakamfuata. Mgongo wa yule bwana bado nauona. Tangazo nimeshalibandua, na sasa kila ninachobandika ukutani namsomea kwanza mfagizi wetu, yeye ndiye anayenieleza nimesema nini.

Niligeuka niingie ndani nikajifiche stoo. Ndipo mama mmoja mshonaji, ambaye cherehani yake iliharibika na alikuwa akitafuta kibarua cha muda, akanishika mkono.

"Mwanangu, sisi tumeshaoga, tumeshavaa," akasema. "Hizo kazi zisizo na mshahara, zinasemaje?"

Yule kondakta naye hakuwa ameondoka. Alitaka kwanza ajue cheo chake kimeingiaje humo. Nikamweleza kwamba katika okestra kondakta husimama mbele ya wapigaji, akiwapa mgongo watu waliokata tiketi, akawaongoza wapigaji kwa kijiti.

"Anawapa mgongo abiria?" akauliza. "Sasa nauli anadai vipi?"

Mjomba, nilicheka. Mbele ya watu. Nikawakaribisha ndani, na waliobaki wakaketi katika kona ya watoto, kwenye vile viti vidogo, magoti yamegusa videvu. Nikaanza na yule mtunzi aliyepoteza masikio yake akiwa bado ana muziki mwingi wa kuandika. Inasimuliwa kwamba simfonia yake kubwa ya mwisho, yaani kazi ndefu ya okestra nzima, ilipomalizika kupigwa alikuwa amesimama akiwapa watu mgongo, hasikii makofi, mpaka mwimbaji mmoja alipomgeuza ili ayaone. Mshonaji akasema, "Masikini. Wangemvuta koti mapema."

Nilitaka wachangamke, nikawasimulia juu ya mwingine aliyependa mzaha. Aliandika muziki mpole, laini, wa kumbembeleza mtoto, halafu ghafla okestra nzima inapiga kwa pamoja kama kabati linaloanguka. Husemwa alikuwa akiwaamsha wanaosinzia. Nikauweka kwenye ile redio yetu kubwa inayocheza diski. Tatizo ni kwamba sikuangalia sauti imefunguliwa kiasi gani. Ilipofika mahali penyewe, bwana mmoja aliyekuwa amesinzia na bahasha yake mapajani aliruka juu, vyeti vyake vikatawanyika hadi rafu ya mapishi. Mkutubi mkuu akatoka ofisini mbio kuuliza nani kaangusha nini. Wote tulikuwa tumeinama tunaokota vyeti, na hakuna aliyeweza kumjibu kwa kicheko.

Siku hiyo waliazima vitabu. Wiki iliyofuata wakawaleta ndugu zao. Kwa hiyo sasa naweza kukujibu swali lako vizuri, maana nimewaona watu wakichagua na nimesikia wanavyonung'unika.

Usianze na kamusi ya istilahi za muziki, hata kama ina jalada zuri. Kondakta alianza nayo kwa kuwa ni nene na alitaka faida. Kesho yake akairudisha akisema kila neno moja gumu wanalieleza kwa mengine matatu magumu zaidi.

Anza na kitabu cha maisha ya watunzi. Ni watu, Mjomba, siyo sanamu. Mmoja alipata watoto ishirini, na kuna miaka alitunga muziki mpya wa kanisani karibu kila wiki, na katikati ya hayo akagombana na wakubwa wake wa kazi. Mshonaji alikisoma chote, akaja kuniuliza mbona wake wawili waliozaa hao ishirini wamepewa aya moja tu. Nilimwambia sijui. Tunatafuta sasa kitabu kinachojua.

Baada ya hicho, tafuta kitabu cha vyombo, chenye picha. Ukikielewa, utakuwa unanyoosha shuka, unasikia sauti inalia redioni, na utajua kama anayelia ni fidla au ni zumari. Halafu tena ndipo uchukue kile cha kazi zenyewe, kinachoieleza simfonia moja moja. Hicho usikisome mfululizo kama hadithi, utachoka. Soma ukurasa, sikiliza, kisha urudie ukurasa ule ule. Mara ya pili utashangaa, kana kwamba usiku wameuandika upya.

Na siku msimamizi wenu akikuchukua kwenye onyesho, usipige makofi kila wanaponyamaza. Simfonia kwa kawaida ina sehemu nne, na kimya cha katikati siyo mwisho. Nilipomweleza hivyo kondakta aliona ni jambo la wazi kabisa: gari kusimama kituoni siyo kwamba mmefika.

Basi jana mwezi ukawa unaishia. Mkutubi mkuu akaja na toroli lake kwenye kona yetu. Nilikuwa nimemngojea tangu asubuhi, kwa sababu rafu ilikuwa tupu. Vitabu vyote vilikuwa kwa watu, imebaki kamusi peke yake imelala ubavu. Akaitazama rafu, akatikisa kichwa kwa kuridhika.

"Vizuri," akasema. "Iko wazi." Akaanza kupanga humo vitabu vya kompyuta.

Sijui ilitoka wapi, nikamwambia, "Mama, ulisema rafu itabaki."

"Imebaki. Si hii hapa?"

"Ulisema ya muziki. Watu wameviazima, kama ulivyotaka. Vikirudi vitakaa wapi?"

"Vimerudi?"

"Bado. Lakini vitarudi, na kuna wengine wanavingoja. Mshonaji ana dada yake. Kondakta ana wenzake wawili. Siwezi kuwaambia viko stoo, nimeshawaambia mambo ya uongo mara moja na sitaki tena."

Nilikuwa nimesema kwa sauti hata maktaba nzima ikageuka. Mzee mmoja aliyekuwa akisoma gazeti alilishusha. Mkutubi mkuu akaacha kupanga, akanitazama, bila kugusa ile miwani ya kichwani.

"Kwenye rafu vilikaa miaka na hakuna aliyeviona," akasema. "Mpaka uliposimama kwenye ngazi. Basi vitakaa mezani kwako. Anayekitaka akuulize wewe."

Akaichukua kamusi akaiweka juu ya meza yangu, akaendelea na kompyuta zake. Asubuhi ya leo nimefika nikakuta kiti cha pili kimewekwa mbele ya meza, cha mtu wa kuniuliza. Sijui Mjomba kama nimeshinda au nimeshindwa. Rafu nimeipoteza, na kazi niliyoipenda kwa kuwa haina maneno, sasa ni maneno tu. Jana nilikwenda nyumbani nina hofu. Lakini njiani nilijikuta nikijaribu namna ya kusema: karibu, unatafuta nini, umewahi kusikiliza nini ukakipenda.

Kama huko uliko kuna maktaba, ingia uulize. Mwenye meza huenda anaogopa kuliko wewe.

Unisalimie sana mkaza mjomba, na wale pacha, waambie nimeona picha waliyonichorea na nimeshindwa tu kujua mimi ni yupi kati ya mimi na ngamia. Bibi anakusalimu, anasema hajaacha kukuombea hata pale anapokusahau jina. Baba na Mama pia wanakusalimu. Mungu akupe nguvu za mikono, mgongo usiolalamika, na jioni zenye muziki wa kukurudisha nyumbani taratibu.

Nilitaka kuongeza habari za simfonia moja, lakini kuna msichana amesimama mbele ya kiti. Amekohoa mara kadhaa akitazama viatu vyake. Najua anachokitaka na najua hatakisema mpaka nianze mimi.

Ni mimi mpwa wako, nikupendaye siku zote.