Kwenye Shimo la Tjakura

Mdogo wangu Lorna,

Hujambo na hiyo mashine ya figo huko Alice Springs? Huku mvua imenyesha, na mbwa wako kazaa tena chini ya kitanda changu.

Jana tulikwenda kwenye lile shimo la mijusi, la tjakura, ulilotuachia tulilinde. Watafiti walishasema mijusi wale wameisha, paka mwitu kawamaliza. Binti yako Delvina akainama penye choo chao, pale nje ya mlango wa shimo, akachambua kinyesi.

"Hiki kidogo ni cha watoto," akasema. "Wamezaa hawa. Kilichoisha ni macho ya watafiti."

Tulicheka mpaka tukakaa chini. Nilipoinuka akaniambia, "Mama mkubwa, toa mguu. Umekanyaga unyayo wa paka."

Mimi, niliyekufundisha wewe kusoma mchanga. Sikuuona.

Delvina aliufuata unyayo ule kwa miguu hadi jua la utosi, paka akachoka, akajilaza kichakani. Alimpiga rungu moja tu. Tulimchoma tukamla palepale.

Habari ya macho yangu usiniulize. Umeshaona mwandiko huu si wangu. Huyu anayeniandikia amegoma mara mbili kuandika sifa zake, nikamwambia aandike hivyohivyo.

Basi ukilazwa kwenye mashine, usiwaze nani analinda shimo. Mchanga wote nimemwachia yeye.

Dada yako,
Rosina

Mama, nimeandika yote aliyosema. Ila marungu yalikuwa mawili. Delvina.